WALIFYEKA PORI LA MPANDA, WAKAPEWA URAIA KWA SHARTI LA KUHAMA

Wadau, leo tuwaache mastaa wapumzike. Stori ya leo inamhusu mtu usiyemjua jina, hana followers hata mmoja, ila mahindi na maharage yake yamelisha Mpanda miaka na miaka. Ni mkulima wa Katumba au Mishamo, mkoani Katavi, na kwa zaidi ya miaka 30 karatasi zake zilimtambua kama mgeni.

Kwanza turudi nyuma kidogo. Waulize wazee maana ya manamba. Enzi za mkoloni, mashamba ya katani ya Tanga na Morogoro yalikuwa na njaa ya vibarua, na kuanzia 1944 wenye mashamba walikuwa na chombo chao cha kuwasaka, SILABU. Watu walisombwa kutoka mbali, Kigoma, hata Rwanda na Burundi, wakapewa namba, na hapo ndipo jina lilipotokea. Kazi ilihesabiwa kwenye kipande: siku 30 zikijaa unalipwa. Mkataba ukiisha, kwaheri. Marekani nao kati ya 1942 na 1964 waliwachukua Wamexico kwa mikataba ya aina hiyo hiyo kuvuna mashamba yao. Yaani mikono inatakiwa, mwenye mikono hatakiwi kukaa.

Sasa njoo Katavi. Aprili 1972 Burundi iliwaka moto. Jeshi liliua Wahutu kwa maelfu kwa maelfu, na waliopona wakakimbilia Tanzania. Serikali haikuwaacha wakae mpakani. Iliwasogeza ndani: Ulyankulu kule Tabora, kisha Katumba mwaka 1973, karibu na mji wa Mpanda. Ulyankulu ilipofurika watu, wengine wakahamishiwa Mishamo kuanzia 1978.

Unajua walipelekwa sehemu ya namna gani? Pori la miombo, mbung'o wamejaa, simba ndio majirani. Serikali ilitaka mambo mawili kwa mpigo: wakimbizi wawe mbali na mpaka, na ardhi ile ianze kuzalisha. Kila familia ikapewa eneo, jembe na chakula cha kuanzia, basi, fyeka. Wakafyeka kweli. Mahindi, maharage, mihogo, halafu tumbaku, zao ambalo aliyewahi kulilima atakwambia halina likizo: kitalu, kupandikiza, kuchuma, kukesha unachochea moto kwenye bani, kupanga madaraja. Kufikia katikati ya miaka ya 1980 mashirika ya misaada yalishakabidhi makazi yale kwa serikali, kwa sababu watu walikuwa wanajilisha wenyewe na ziada inauzwa nje.

Hapo ndipo mambo yanachanganya. Gunia la mahindi lilitoka Katumba bila shida. Aliyelilima hakutoka bila kibali. Ukitaka kwenda Tabora kumwona ndugu, unaomba ruhusa ofisi ya makazi, unapewa siku zako, zikiisha urudi. Mtoto aliyezaliwa pale, Kiswahili chake safi kuliko changu, naye anaomba kibali. Sisi tunaolalamikia foleni ya mwendokasi tukae kimya kidogo.

Mwaka 2007 serikali ikaja na mpango mkubwa. Waliokuwa kwenye makazi hayo matatu, zaidi ya 200,000, wakaulizwa: mnarudi Burundi au mnaomba uraia? Karibu wanne kati ya kila watano wakachagua Tanzania. Mwaka 2010 ikatangazwa kwamba watu wapatao 162,000 wamekubaliwa. Nchi chache sana duniani zimewahi kufanya hivyo kwa wakimbizi wengi kwa mara moja, na hapo Tanzania inastahili maua yake.

Ila kulikuwa na sharti. Makazi yafungwe, raia wapya watawanywe mikoa mingine, na cheti utakipata ukishahama. Soma tena. Mtu kafyeka pori, kazika wazazi pale, kapanda miembe, halafu tiketi ya kuwa Mtanzania ni kuliacha shamba. Kwangu mimi hii haikuwa sera ya uraia, ilikuwa mkataba wa manamba uliochelewa kuisha. Uhamisho ukasimamishwa mwaka uliofuata, lakini vyeti navyo vikakaa. Sio mkimbizi tena, raia bado. Nani atapaua bati mahali anapoambiwa ataondoka?

Na wakiwa katika hali hiyo, 2013 ikaja Operesheni Kimbunga kule Kagera, Geita na Kigoma, kuwaondoa wahamiaji wasio na vibali, wakiwemo waliokaa nchini miongo kadhaa. Fikiria unasikiliza habari hiyo redioni, uko Mishamo, cheti huna.

Oktoba 2014 Rais Kikwete akaanza kuwakabidhi vyeti, bila kuwalazimisha kuhama. Waliobaki Katumba wakabaki kama raia, ingawa kuigeuza kambi kuwa vijiji vya kawaida, yenye ardhi iliyopimwa na viongozi wa kuchaguliwa, hakukwenda kwa kasi ya vyeti.

Mwaka uliofuata ikapita sheria ya kuratibu ajira za wageni. Ina madaraja ya vibali kuanzia A hadi E: mwekezaji ana lake, mtaalamu ana lake, mtu wa dini ana lake, hata mkimbizi ana lake. Kibarua anayevuka kutoka Burundi msimu wa kulima, apige jembe miezi michache arudi kwao, hana daraja lililoandikwa kwa ajili yake. Lakini mashamba ya mpakani yanamjua, na wakati wa kupalilia wanamtafuta. Akidhulumiwa ujira wake atamshtaki nani, wakati kufika tu kituo cha polisi ni kujikamatisha?