Kuvu, Migodi na Makoloni ya Angani: Kuisoma Upya Historia ya Yuggoth

Makala haya yanachunguza sayari ambayo haipo. Yuggoth, dunia ya giza iliyobuniwa na mwandishi Mmarekani H. P. Lovecraft (1890–1937), inakaliwa na viumbe wenye mabawa ambao maumbile yao yanakaribiana zaidi na kuvu kuliko na mnyama yeyote tunayemjua. Wahakiki aghalabu wameisoma kama kielelezo cha hofu ya binadamu mbele ya ulimwengu usiomjali. Sisi tunashikilia kuwa Yuggoth ni koloni, na kwamba ushahidi wa jambo hilo umehifadhiwa katika masimulizi ambayo msimulizi wa hadithi, naye ni mwalimu wa fasihi, aliyapuuza.

Uyoga haukuanza kuonekana angani katika karne ya 20. Lucian wa Samosata, aliyeandika kwa Kigiriki katika karne ya 2 B.K., alisimulia vita kati ya Endymion, mfalme wa Mwezi, na Phaethon, mfalme wa Jua. Katika jeshi la Jua walikuwamo askari waliojikinga kwa ngao za uyoga na kupigana kwa mabua ya mboga badala ya mikuki. Msomaji hucheka hapo, na ndivyo mtunzi alivyokusudia. Hata hivyo, chanzo cha vita hakichekeshi: Endymion alitaka kuwahamishia maskini wa dola yake katika Nyota ya Asubuhi, iliyokuwa haina watu, naye Phaethon akawazuia. Suluhu iliyofikiwa ni kwamba koloni hilo liwe la wote wawili.

H. G. Wells aliirejelea taswira hiyo katika The First Men in the Moon (1901). Bedford, mfanyabiashara aliyefilisika, na mwanasayansi Cavor wanakula kuvu za mwezini kwa sababu ya njaa, nazo zinawalevya. Katika ulevi huo Bedford anatangaza kwamba mwezi sharti utwaliwe, tena kwa hoja ileile ya mzigo wa mtu mweupe iliyokuwa ikitumiwa wakati huo kuhalalisha kutwaliwa kwa nchi za watu. Kejeli ya Wells ni kali: hoja ya dola anaiweka kinywani mwa mlevi. Ila mlevi huyo ndiye anayerejea duniani akiwa na dhahabu ya mwezini.

Kwa Lovecraft kejeli imetoweka. Soneti zake 36 ziitwazo Fungi from Yuggoth alizitunga kati ya Desemba 1929 na Januari 1930. Majuma machache baadaye, tarehe 18 Februari 1930, Clyde Tombaugh aliigundua Pluto huko Arizona, na habari hizo zikatangazwa mwezi Machi. Lovecraft alikuwa akiandika The Whisperer in Darkness, iliyochapishwa katika jarida la Weird Tales mwezi Agosti 1931, naye akaiingiza sayari hiyo mpya katika hadithi na kuifanya ndiyo Yuggoth.

Utamaduni wa Yuggoth umesawiriwa kwa uangalifu. Nyumba na mahekalu hayana madirisha, kwa kuwa mwanga huwasumbua wakazi wake. Kuna bustani za kuvu na mito ya lami nyeusi. Wapasuaji wao wanaweza kuutoa ubongo wa mtu ukiwa hai na kuusafirisha ndani ya mtungi wa chuma. (Mtafsiri wa Kiswahili angepata faida hapa, kwani neno letu ukungu hutaja uozo unaoota juu ya mkate na pia mvuke unaofunika milima, nayo hadithi yenyewe imejaa vyote viwili.) Lakini madaraja makubwa yaliyo juu ya mito hiyo hayakujengwa na viumbe hawa. Yalijengwa na taifa lililoangamia kabla wao hawajafika. Fauka ya hayo, tunaelezwa kuwa Yuggoth ni kituo tu cha njiani, na kwamba kwao hasa ni mbali zaidi. Hawa basi ni walowezi katika nchi ya watu ambao hata jina lao halikusalia.

Duniani wamefuata nini? Hadithi inaanza na mafuriko yaliyoikumba Vermont mnamo Novemba 1927, tukio la kweli. Watu wanadai kuona mizoga ya ajabu mitoni. Wilmarth anaandika magazetini kuwa hayo ni mabaki ya visasili, na anavilinganisha kwa ustadi na vya mataifa mengine. Miongoni mwa simulizi anazozipanga ni ya Wapennacook, wenyeji asilia wa eneo hilo, waliosema kuwa viumbe hao walishuka kutoka angani na walikuwa na migodi milimani, wakichimba jiwe ambalo hawakulipata kwingineko. Kwa maoni yetu hii ni taarifa ya kiuchumi. Inataja mchimbaji, mahali na mali. Wilmarth anaiona kuwa simulizi iliyo kamili kuliko zote, kisha anaiainisha na kuiacha. Sisi tunaofundisha fasihi simulizi tunamfahamu mtu huyu; mara nyingine tumekuwa yeye.

Wako wanaosema kuwa kuvu hawa ni wahamiaji ambao Lovecraft aliwachukia, hasa alipoishi New York kati ya 1924 na 1926. Ubaguzi wake umethibitishwa na barua zake mwenyewe, wala hatuna haja ya kumtetea. Lakini usomaji huo hautoshelezi. Mhamiaji maskini haji na upasuaji usio na kifani, hawaajiri wenyeji wawe wapelelezi, wala hachimbi madini ayapeleke kwao. Anayefanya hivyo tunamjua kwa jina jingine. Lovecraft, mjukuu wa walowezi wa Kiingereza waliojitwalia ardhi za wenyeji wa New England, aliwatwika wageni wa kubuni matendo ambayo historia ya eneo hilo inawahusisha nayo watu wa kwao.

Mwishoni Wilmarth anatoroka usiku, na anakiri kuwa kugunduliwa kwa Pluto kunamtia hofu kuhusu miaka ijayo. Hakuna mahali anaporejea kwa Wapennacook kuuliza habari za jiwe lile.