Sikio la Speke, Ulimi wa Bombay: Historia Fupi ya Msaidizi Asiyeitika

Simujanja ikiitwa isiitike, fundi mzuri haanzi kwa kuilaumu. Huanza na sikio. Atatazama kama kitundu cha maikrofoni kimezibwa na vumbi au kava, kisha ataingia kwenye mipangilio aone kama programu ya msaidizi wa sauti ingali na ruhusa ya kusikia. Simu nyingi siku hizi huiondoa ruhusa hiyo zenyewe ikiwa programu haikutumika kwa muda mrefu, na hali ya kubana betri nayo huweza kumfanya msaidizi asisikie jina lake. Baada ya sikio hutazama njia, kwa kuwa sauti ya mtumiaji mara nyingi husafirishwa hadi kwenye kompyuta za kampuni, mbali kabisa na hapa, ikafasiriwe huko. Bando likiisha au mtandao ukiyumba, msaidizi hugeuka bubu. Mwisho hutazama lugha, na hapo ndipo fundi wa Kigoma hukwama. Mteja ameiweka simu yake yote katika Kiswahili, kama alivyo na haki ya kufanya, na msaidizi huenda hana Kiswahili katika orodha yake.

Ukimya huu wa lugha una historia yake. Siri ya Apple ilipotoka mwaka 2011 ilijua Kiingereza, Kifaransa na Kijerumani. Google iliongeza Kiswahili cha Kenya na cha Tanzania katika huduma yake ya kuandika kwa sauti mnamo Agosti 2017. Kiha, lugha ya nyumbani ya wengi katika mkoa huu, hakikuwamo. Hata hicho Kiswahili kilichoingizwa kina ukoo wake: ni Kiswahili sanifu, kilichojengwa juu ya lahaja ya Kiunguja baada ya mkutano wa Mombasa wa mwaka 1928, ambapo hapakuwa na mtu wa Ujiji aliyeulizwa yeye husemaje. Ujiji ilikuwa imekwisha kusema Kiswahili kwa miongo mingi kabla ya hapo, kikiwa kimechanganyika na Kiha, Kimanyema na lugha za ng'ambo ya ziwa.

Lakini nia yangu leo ni kurudi nyuma zaidi, kwa sababu sikio, njia na lugha viliwahi kuharibika vyote kwa pamoja katika Ziwa Tanganyika, na hitilafu ile ilichukua miaka 13 kumalizwa.

Richard Burton na John Hanning Speke walifika ziwani Februari 1858. Burton alikuwa hoi kwa homa, hawezi kutembea. Speke alikuwa na ugonjwa wa macho uliomfanya karibu asilione ziwa alilolifuata. Swali lililowasumbua lilikuwa moja: je, kaskazini mwa ziwa kuna mto? Na kama upo, waingia au watoka? Ukitoka, huenda Tanganyika ndiyo chimbuko la Mto Nile, na aliyegundua hilo angekuwa na jina kubwa London. Mwezi Machi Speke akavuka kwa mtumbwi kwenda kisiwa cha Kasenge, karibu na ufuko wa magharibi, kuomba jahazi la mfanyabiashara Hamed bin Sulayyim. Jahazi hakulipata. Alichopata ni habari: kaskazini kuna mto mkubwa, nao watoka ziwani.

Sasa tuikague njia ambayo habari hiyo ilipitia. Speke hakujua Kiarabu wala Kiswahili. Msaidizi wake wa sauti, kama tukipenda kumwita hivyo, alikuwa Mubarak Bombay, Myao aliyetekwa utotoni, akauzwa na kupelekwa India, akarudi Unguja akiwa huru baada ya bwana wake kufa. Wawili hao walisikilizana kwa Kihindustani, lugha ambayo Bombay aliipata utumwani na Speke aliipata katika jeshi la India. Kila neno la Hamed lilipita kwa Bombay, likageuzwa Kihindustani, likafika kwa Speke, likaandikwa Kiingereza. Na sikio lenyewe lilikuwa bovu. Siku chache kabla ya kufika Kasenge, usiku wa dhoruba, mdudu mdogo mweusi alimwingia Speke sikioni. Akamwagia siagi iliyoyeyushwa, akachokoa kwa kisu, akamuua mdudu na kuliumiza sikio kiasi kwamba kwa miezi alikuwa karibu kiziwi upande huo. Huyo ndiye aliyekwenda kuuliza mto unaelekea wapi.

Maneno yenyewe ya Hamed hayakuhifadhiwa. Tunayo ya Kiingereza tu. Kwa hiyo yafuatayo ni dhana yangu. Kiswahili kina kitenzi kinachoweza kumpoteza mgeni hapa. Twasema "mgeni ametokea Kasulu", maana yake alianzia huko. Twasema pia "njia hii inatokea Kasulu", maana yake inaishia huko. Kitenzi ni kilekile, mwelekeo ni kinyume. Mtu akisema "mto unatokea ziwani", mwenyeji hutambua kwa muktadha. Mgeni mwenye sikio moja, tena kupitia lugha ya tatu, hutambua lile analolitaka. Nakiri kwamba dhana hii haimalizi kila kitu. Kwa masimulizi ya Speke mwenyewe, Hamed alidai alikaribia mahali pale hata akauhisi mkondo ukivuta kwenda nje. Basi huenda palikuwa na kutia chumvi pia, na kutia chumvi hakuhitaji mkalimani.

Hitilafu iligunduliwa kwa njia ambayo fundi yeyote angeisifu: walikwenda karibu na chanzo. Mwisho wa Aprili 1858 Burton na Speke walifika Uvira kwa mitumbwi miwili, chini ya Kannena, mkuu wa Kawele hapa Ujiji, aliyewatoza ujira mzito. Huko wana watatu wa mkuu Maruta waliwaambia kwamba Ruzizi huingia ziwani. Kila aliyekuwapo akasema hivyohivyo. Burton anaandika kwamba moyo ulimlegea. Na hapo ndipo Bombay alipofungua kinywa: bwana wake alimsikia Hamed vibaya, mto aliotajiwa ni ule unaoingia. Akaongeza kwamba, kwa imani yake, Hamed hakuwahi kufika kaskazini ya Ubwari.

Tangu Kasenge hadi Uvira ni zaidi ya wiki sita. Kwa nini Bombay hakusema mapema? Vitabu vya wakubwa wake havijibu, wala havikujiuliza. Naweza kuwaza mawili. Pengine hakuonyeshwa kamwe kilichoandikwa daftarini, kwa hiyo hakuwa na cha kusahihisha. Au alijua, akapima: mtu aliyepata kuwa mtumwa, safarini na maafisa wenye bunduki, anapata faida gani kumwambia mmoja wao kuwa hakusikia? Msaidizi aliyeajiriwa ili atii hujifunza upesi ni majibu gani yanayopokewa kwa furaha. Wanafunzi wangu wanaosoma habari za mashine zinazojifunza lugha watalitambua tatizo hili bila mimi kulieleza zaidi.

Ni kosa, hata hivyo, kudhani kwamba jibu sahihi likishapatikana mambo yameisha. Speke alipojipatia sifa kwa Ziwa Victoria, ugomvi wake na Burton ukawa uadui. Speke alikufa kwa risasi ya bunduki yake mwenyewe tarehe 15 Septemba 1864, siku moja kabla ya mjadala wao mjini Bath. Novemba mwaka huohuo Burton alisimama mbele ya Chama cha Kifalme cha Jiografia na kutetea hoja kwamba Ruzizi hutoka ziwani na kwamba Tanganyika yaulisha Nile. Ushahidi wa vijana wa Uvira, aliousikia kwa masikio yake mazima na kuuchapisha mwenyewe, akauweka kando kwa kuwa sasa haukumfaa. Hapa hapakuwa na mdudu sikioni.

Ndiyo maana siwaogopi sana wasaidizi wa sauti wanaonyamaza. Simu inayonyamaza mbele ya mama wa Ujiji imempa angalau taarifa moja ya kweli, kwamba haikumwelewa, atauliza mtu. Ninayemhofia ni msaidizi anayejibu kwa ufasaha baada ya kusikia vibaya, na ofisi inayopokea jibu lake likiwa safi, limepigwa chapa, bila kuonyesha lilipita kwenye ndimi ngapi. Mtumishi wa umma anayekusudia kuweka sauti ya mashine kwenye simu ya zahanati au ya idara ya ardhi katika mkoa huu, wenye Kiha vijijini, Kirundi mpakani, Kiswahili cha Kongo bandarini na wakimbizi kambini Nyarugusu tangu 1996, ajiulize kwanza ni nani atakayekuwa Uvira: mahali ambapo jibu litarudishwa kwa wenyeji wa jambo, wakiwa na uwezo wa kusema si hivyo. Ajiulize pia kama Bombay wake ataonyeshwa daftari.

Waya wa simu ambao Cecil Rhodes alikusudia uunganishe Cape na Cairo ulifika Ujiji mwanzoni mwa karne ya 20, ukaishia hapo. Njia ndefu hukatika. Hilo si jambo geni kwetu.

Mto ule hatimaye ulikaguliwa kwa macho. Novemba 1871 Livingstone, ambaye naye alikuwa akiamini maji ya ziwa huenda kaskazini, aliondoka Ujiji kwa mtumbwi pamoja na Stanley, na Bombay, sasa akiwa mkuu wa askari wa msafara wa Stanley, alikuwamo katika msafara huo. Walifika kwenye mdomo wa Ruzizi, wakautazama mkondo. Ulikuwa ukiingia, kama vijana wa Uvira walivyosema miaka 13 kabla. Mahali ambapo maji ya ziwa hutoka palitambuliwa mwaka 1874 na Verney Lovett Cameron, upande wa magharibi, kwenye mto Lukuga, uendao Lualaba na Kongo, wala si Nile. Katika safari hiyo pia mkuu wa msafara alikuwa Bombay.