Furushi la Uzazi: Kutoka Mkaja hadi Orodha ya Kliniki

Katika Kiswahili cha mwambao, mwanamke aliyejifungua huitwa mzazi, na jina hilo humkaa kwa namna ya pekee katika zile siku 40 za kwanza, yaani arobaini, ambazo hukaa ndani, hukandwa kwa maji ya moto, hunyweshwa uji na supu, na kupumzishwa kazi za nyumba. Vitu ambavyo yeye na mtoto wake huhitaji katika saa za uchungu na siku chache zinazofuata hufungwa leo katika begi au hupangwa ndani ya beseni la plastiki, na wauguzi pamoja na wajawazito huviita kwa ujumla vifaa vya kujifungulia. Historia ya mzigo huo katika Tanzania na nchi jirani ni historia ya wajibu uliohama mara kadhaa, kwa kuwa maandalizi ya uzazi yalikuwa kwanza kazi ya nyumba ya mama wa mjamzito, kisha yakachukuliwa kwa sehemu na hospitali za misheni na serikali, na hatimaye yakarudi mikononi mwa familia, lakini safari hii kwa orodha iliyotungwa na mtu mwingine.

Kabla ya hospitali, mzigo wa aina hii haukuwa na haja ya kufungwa, kwa sababu uzazi ulifanyika mahali vitu vilipokuwa. Desturi iliyoenea mwambao, na ambayo haijafa, ilimtaka mwanamke mwenye mimba ya kwanza arudi kwao ili ajifungulie mikononi mwa mama yake, hivyo aliyesafiri alikuwa mjamzito mwenyewe, naye alikuta mkeka, maji, moto, mafuta na nguo vikimngoja. Mkunga, yaani mwanamke mzoefu wa kuzalisha, alikuja na ujuzi wake pamoja na dawa alizozijua, ilhali nyumba ilitoa vingine vyote, pamoja na chombo cha kukatia kitovu, ambacho mahali pengi kilikuwa ubapa wa mwanzi ulionolewa, na baadaye wembe wa dukani. Kondo la nyuma lilizikwa katika ardhi ya nyumba hiyo, na kutokana na mazoea ya namna hiyo lugha imebaki na usemi wa kumtaja mtu kwa mahali kilipozikwa kitovu chake.

Kati ya vitu vyote vya uzazi, nguo ndizo zilizopewa majina mahususi zaidi. Winda lilikuwa kitambaa cha kumfunga mtoto kiunoni, kazi ambayo sasa hufanywa na nepi. Ubeleko, au mbeleko, ulikuwa nguo ya kumbebea mgongoni. Na mkaja ulikuwa utambaa mrefu ambao mzazi alifungwa tumboni kwa kukazwa ili misuli iliyolegea irudi mahali pake. Mtoto naye aliweza kufungwa mwili mzima, kama anavyoeleza Sayyida Salme binti Said, binti wa kifalme aliyezaliwa Unguja mwaka 1844 na kujulikana baadaye kwa jina la Emily Ruete, ambaye katika kumbukumbu zake zilizochapishwa kwa Kijerumani mwaka 1886 alisimulia jinsi watoto wachanga wa jumba la kifalme walivyozongwa vitambaa katika siku zao za mwanzo ili viungo vyao vikue vikiwa vimenyooka.

Aina ya kitambaa chenyewe ilitegemea biashara ya bahari. Baada ya mkataba wa mwaka 1833 kati ya Sayyid Said bin Sultan, mtawala wa Omani na Unguja, na Marekani, wafanyabiashara wa mji wa Salem, katika jimbo la Massachusetts, waliingiza Unguja pamba nzito isiyotiwa rangi, ambayo hadi leo inaitwa merikani, na wakati vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Marekani vya 1861 hadi 1865 vilipokatiza biashara hiyo, nafasi yake ilichukuliwa kwa kiasi kikubwa na vitambaa vya viwanda vya Uingereza na India. Pamoja na merikani kulikuwa na kaniki, kitambaa cheusi au cha buluu iliyokolea, na leso, ambazo jina lake linatokana na neno la Kireno la kitambaa cha mkononi. Kutokana na kuunganishwa kwa leso kadhaa, na kisha kupigwa chapa kwa kitambaa kizima, ilizaliwa khanga katika miongo ya mwisho ya karne ya 19: nguo yenye pindo pande zote, mji katikati na jina, yaani maneno yaliyoandikwa juu ya pindo la chini, na khanga huuzwa kwa doti, yaani vipande viwili pamoja.

Khanga ilifaa uzazi kwa sababu ambazo ziko wazi kwa yeyote aliyewahi kuifua. Ikiwa mpya huwa ngumu kwa wanga wa kiwandani, haishiki maji na huchuja rangi, lakini baada ya kufuliwa mara nyingi hulainika, hunyonya maji haraka na hukauka upesi hata katika msimu wa mvua, kwa hiyo khanga ya kumpokelea mtoto ilikuwa kwa kawaida khanga kuukuu iliyochakazwa na mama au bibi. Uchakavu huo ulikubaliana pia na mwiko wa jamii nyingi za Afrika Mashariki, uliokataza kumnunulia nguo mtoto ambaye bado hajazaliwa, kwa kuwa mimba haikutangazwa na kujiandaa mno kulionekana kama kukaribisha husuda au msiba. Nguo kuukuu zilizokuwamo sandukuni tayari hazikuwa maandalizi yanayoonekana, na kwa njia hiyo nyumba ilijiandaa bila kuonekana imejiandaa.

Hospitali zilivunja mpangilio huo taratibu. Albert Cook, daktari wa misheni ya Kianglikana, alianzisha hospitali ya Mengo, Uganda, mwaka 1897, na baada ya Vita Vikuu vya Kwanza mke wake, Katharine Cook, aliongoza shule ya kuwafundisha wasichana wa nchi hiyo ukunga wa kisasa. Nairobi nayo ilipata mwaka 1926 nyumba ya wazazi iliyoitwa kwa jina la Lady Grigg, mke wa gavana wa Kenya, ambayo ndiyo iliyokua kuwa hospitali ya Pumwani. Katika vituo vya namna hiyo mkasi, uzi wa kitovu na dawa ya kuulia vijidudu vilikuwa mali ya wodi na vilichemshwa na muuguzi, na kilichobaki kwa familia ni nguo na chakula. Hapo ndipo furushi lilipopata maana yake ya sasa, kwa sababu kwa mara ya kwanza nguo za uzazi zilitoka nje ya nyumba na kuonekana njiani.

Baada ya Azimio la Arusha la mwaka 1967, serikali ya Tanzania ilitanua zahanati na vituo vya afya hadi vijijini na kutoa matibabu bila malipo, na viwanda vya nguo kama Urafiki cha Dar es Salaam, kilichojengwa kwa msaada wa China na kufunguliwa mwaka 1968, vilitarajiwa kuivika nchi. Kwa kipindi hicho wajibu wa vifaa ulikuwa, kwa nia ya sera, juu ya serikali. Uhaba wa bidhaa uliofuata, hasa katika miaka ya mwanzo ya 1980, ulibomoa matarajio hayo, kwani sabuni na khanga zilipatikana kwa foleni, na kuandaa uzazi kukawa kazi ya miezi mingi ya kuweka akiba ya kipande kimoja kimoja. Biashara ya nje ilipolegezwa kuanzia mwaka 1984, mitumba, yaani nguo zilizovaliwa zinazoingizwa kwa marobota, ilileta kofia, soksi na sweta za watoto kwa bei ambayo familia nyingi ziliimudu, na vitu hivyo vikaingia katika furushi ambalo awali lilikuwa la khanga tupu.

Mabadiliko makubwa zaidi yalitokana na hoja za kitabibu. Mkutano wa kimataifa kuhusu uzazi salama uliofanyika Nairobi mwezi Februari 1987 uliweka vifo vya wajawazito mbele ya serikali za dunia, na wakati huohuo mafundisho ya usafi wa uzazi yalisisitiza mikono safi, sehemu safi ya kujifungulia, na wembe na uzi safi wa kitovu, ili kuzuia pepopunda ya watoto wachanga, ambayo vijidudu vyake hukaa udongoni na huingia mwilini kupitia kidonda cha kitovu. Kuenea kwa virusi vya UKIMWI kulifanya glavu ziwe sharti kwa mzalishaji. Mwaka 1993 Tanzania ilipoanza kuchangisha gharama katika hospitali za serikali, wajawazito na watoto wa chini ya miaka mitano walisamehewa malipo, lakini msamaha huo haukujaza stoo, na pale vifaa vilipopungua mjamzito aliombwa aje navyo. Hivyo wembe, uliotoka nyumbani kwenda wodini katika zama za misheni, ukarudi nyumbani na kufungwa pamoja na khanga.

Orodha hiyo sasa hufundishwa katika kliniki ya wajawazito kama sehemu ya mpango binafsi wa kujifungua, ambao humtaka mama aamue mapema atajifungulia wapi, atasafiri kwa chombo gani, nani atamsindikiza na nani atamtolea damu ikihitajika, na ambao ulitangazwa sana Tanzania kupitia kampeni ya Wazazi Nipendeni iliyoanza mwaka 2012. Begi lililopangwa vizuri hufuata mwendo wa uzazi wenyewe: juu kabisa hukaa kadi ya kliniki, kisha mpira wa kutandika kitandani, glavu, pamba, wembe na vibanio vya kitovu, chini yake khanga zilizofuliwa na kuanikwa juani, moja ya kumkaushia mtoto mara anapotoka, nyingine kavu ya kumfunikia akiwa kifuani mwa mama ili asipoteze joto, na mwisho pedi, nguo za mtoto na sabuni, huku chupa ya chai ikibebwa mkononi na msindikizaji. Uzito wa orodha hii umeongezeka kwa kuwa wanaoihitaji wameongezeka: kwa mujibu wa tafiti za kitaifa za afya, uzazi uliofanyika katika vituo vya afya Tanzania ulipanda kutoka karibu asilimia 50 mwaka 2010 hadi asilimia 81 mwaka 2022, na Kenya, iliyofuta ada za uzazi katika vituo vya umma mwezi Juni 2013, ilifika asilimia 82 mwaka huohuo wa 2022.

Mkaja haumo katika orodha ya kliniki, wala ubeleko haumo, lakini majina yote mawili yangali hai katika orodha nyingine, ile ya mahari. Tangu zamani upande wa mwanamume ulioposa ulitakiwa kumpa mama wa bibi arusi mkaja na ubeleko kama fidia ya nguo alizojifungia na kumbebea binti huyo alipomzaa, na hadi sasa, ingawa hutolewa kwa fedha taslimu, vitu hivyo husomwa kwa majina yake mbele ya wazee. Desturi hiyo ilitambua kwamba maandalizi ya uzazi yana gharama, ikamtaja aliyeibeba na kumwekea siku ya kulipwa. Orodha ya kliniki huhesabu glavu na nyembe kwa uangalifu mkubwa zaidi, lakini haionyeshi popote jina la mama, shangazi au bibi ambaye, kwa miezi kadhaa, alinunua kimoja kimoja mpaka begi likajaa.