Gidi Gidi Maji Maji: Wasee Wawili wa Rap ya Dholuo Walioipea Kenya Neno "Unbwogable"

Gidi Gidi Maji Maji ni kundi la hip hop la watu wawili: Joseph Ogidi, ambaye wengi wanamwita Gidi, na Julius Owino, ndiye Maji Maji. Walivuma sana kati ya 1999 na 2004, wakirap kwa Dholuo na kuchanganya na Kiswahili na Kingereza. Ngoma yao ya 2002, "Unbwogable", ilifanya hadi watu ambao hawajui kusalimia kwa Dholuo waanze kutumia neno la Kijaluo kila siku.

Kama ulizaliwa baada ya hiyo ngoma kutoka, labda unamjua Gidi kama ile sauti ya asubuhi kwa Radio Jambo, akipigia simu watu wamekosana kwa Patanisho. Lakini kabla ya redio kulikuwa na maiki ingine.

Kabla yao kulikuwa na nani?

Rap ya lugha ya mama haikuanza na hawa wawili. Miaka ya tisini, Hardstone alishatoa "Uhiki" akichanganya Kikikuyu. Upande wa Wajaluo kulikuwa na Poxi Presha, jina lake kamili Prechard Pouka Olang'. Ngoma yake "Otonglo Time" ndiyo ilimweka kwa ramani. Otonglo ni ile sarafu ya zamani ya senti kumi, na wasee wa Kisumu wanajua pia ni jina la soko kwa barabara ya kuenda Busia.

Poxi alirap kwa Dholuo wakati wengi waliona hiyo ni lugha ya benga na matanga tu. Pia alikuwa mkali sana kwa wale walikuwa wanatoa kopi feki za kanda za wasanii. Alifariki Oktoba 2005. Kila rapa wa Dholuo amekuja baada yake amepitia njia alikuwa ameshafyeka.

Walianza aje?

Gidi na Maji Maji waliingia na "Ting Badi Malo" mwaka wa 1999. Maana yake ni inua mikono juu, na watu waliinua kweli. Prodyuza alikuwa Tedd Josiah, jamaa ambaye jina lake liko kwa ngoma nyingi kubwa za wakati huo. Mwaka wa 2000 wakatoa albamu ya "Ismarwa". "Marwa" kwa Dholuo ni yetu, so hata kutoka kwa jina ungejua hawa wasee walikuwa wanakuja na kitu ya nyumbani.

Baadaye kulikuwa na "Atoti", ile ya kusifu msupa, na albamu ya "Many Faces" mwaka wa 2004.

"Unbwogable" ni nini hasa?

Chukua neno la Dholuo "bwogo", yaani kutisha au kushtua. Weka "un" ya Kingereza mbele na "able" nyuma. Unapata mtu hatishiki. Ni mchezo tu wa maneno venye vijana hucheza kwa stage kila siku.

Hiyo ngoma haikuandikwa kwa ajili ya kampeni. Ni marapa wawili wanajipiga kifua, wanasema wao ni nani na kwao ni wapi, na wanataja viongozi wa Kiluo akiwemo marehemu Raila Odinga.

Lakini angalia ilitoka mwaka gani. KANU ilikuwa imekaa kwa kiti tangu uhuru wa 1963. Moi alikuwa amemaliza miaka 24. Oktoba 2002 upinzani ukaungana chini ya NARC, na watu walikuwa wanatafuta neno la kusema wameacha kuogopa. Neno lilikuwa tayari kwa redio. Wanasiasa wakalibeba kwa kila mkutano, umati ukalijibu. Tarehe 27 Disemba Mwai Kibaki akashinda na karibu asilimia 62 ya kura.

Siri iko kwa pakruok

Watu wengi husema hiyo ngoma ilishika juu ya siasa pekee. Mimi nasema ilishika pia juu Wajaluo walikuwa wameifanya kabla hip hop ifike.

Njoo Ahero usiku wa matanga ama siku ohangla inapigwa, hapa tu njia ya Kericho na ya Kisii zinapoachana. Ngoma ikiwa imewaka, msee anasimama, anasimamisha muziki na kuanza kujisifu. Anataja jina lake, mama yake, shemeji zake, kijiji chao na mchele wa shamba lake. Hiyo ndiyo pakruok. Iko kwa nyatiti, iko kwa benga, iko kwa ohangla. Rapa wa Marekani akisema yeye ndiye mkali kuliko wote, mzee wa Kano anamsikia na kumwelewa bila mtafsiri. Gidi na Maji Maji walichukua pakruok wakaiweka kwa biti.

Lakini pakruok ina sheria moja: unaweka doo kwanza. Hakuna kusimamisha msanii bure. Unataka jina lako lisikike, toa kitu, ndio mpiga nyatiti akupishe.

Hapo ndipo 2002 inafunza wasanii. Neno likishaingia kwa mdomo wa taifa, kila mtu analitumia kujisifu na huwezi kumfuata mmoja mmoja. Sheria ya hakimiliki ya 2001 ilianza kufanya kazi Februari 2003, wakati kura zilikuwa zimeshahesabiwa. Ukweli ni kwamba inasema kitu mzee wa ohangla anajua tangu zamani: kazi ya msanii ina mwenyewe, na mwenyewe huombwa na hulipwa.

Wako wapi sasa?

Kama kundi, hawajarudi na albamu ingine kubwa kama zile za kwanza. Gidi alijenga jina lingine kwa redio, ambapo amefanya shoo ya asubuhi na Ghost Mulee, aliyekuwa kocha wa Harambee Stars.

Kwa nini bado ni muhimu?

Juu hapa Ahero kuna vijana wanarekodi kwa simu na kuambiwa wakirap Dholuo watasikika hadi Awasi tu. Hii stori inawajibu. Ngoma ya Dholuo ilifika Mombasa, ikafika Eldoret, na hakuna aliyeomba ipunguzwe Ujaluo.

Na kwa vile 2027 inakuja, wanasiasa watakuja tena kutafuta mistari kwa mitaa. Wakipenda ngoma yako, usikimbilie kupanda lori la kampeni. Kubalianeni bei, muandike chini na muweke sahihi. Kama kwa pakruok, doo kwa meza kwanza, ndio sifa zianze.