Muvi ya Waingereza, Mbung'o wa Tanganyika na Watu Wasio na Majina

Ukitoka Tabora mjini ukaikamata barabara ya kwenda Mbeya, kilometa kama 70 mbele unaikuta Sikonge. Watu wa Dar wakiisikia wanawaza asali na tumbaku, basi. Lakini misitu ya miombo kama ile inayoizunguka ina stori moja ambayo Waingereza waliipenda mpaka wakaimwagia hela wakatoa muvi, tena ya rangi, enzi ambazo rangi ilikuwa anasa. Stori yenyewe inaanza na mdudu: mbung'o, wengine wanamwita ndorobo, yule anayeeneza malale.

Malale sio ule usingizi wa Jumatatu asubuhi. Mbung'o anakuuma, vimelea vinaingia kwenye damu, homa inaanza, baadaye vinapanda mpaka kwenye ubongo. Mtu analala mchana, usiku anakesha, anaropoka, na asipotibiwa anakufa. Aina ya huku Afrika Mashariki ina haraka, ndani ya miezi tu inamaliza mtu.

Miaka ya 1920 na 1930 serikali ya kikoloni ya Tanganyika ilikuja na dawa yake: hamisha watu. Daktari Mwingereza, George Maclean, ndiye aliyeusimamia mpango huo kwenye Jimbo la Magharibi, ambalo makao yake yalikuwa Tabora. Wanyamwezi na majirani zao waliokuwa wameishi kwa kutawanyika, kaya mbili hapa, tano kule, waliambiwa wakusanyike sehemu moja, lengo likiwa kama familia 1,000 kwa kila makazi. Hesabu ilikuwa rahisi. Watu wakiwa wengi wanalima sana, mashamba yanaungana, vichaka vinaisha, mbung'o anakosa kivuli. Kwa upande wa afya, mpango ulifanya kazi kweli. Ila kaburi la babu, kisima, mashamba na miti ya mizinga vilibaki nyuma, na hakuna aliyekuja kuuliza hivyo vina thamani gani.

Sasa twende London. Mwaka 1943, vita ya pili imepamba moto, Wizara ya Habari na Wizara ya Makoloni za Uingereza zinataka muvi ya kuonyesha kwamba ukoloni unasaidia watu. Kazi ikaenda kwa Two Cities Films, na kampuni hiyo nayo ina stori yake. Mmoja wa waanzilishi wake alikuwa Filippo Del Giudice, mwanasheria Mwitaliano aliyekimbia utawala wa Mussolini. Walianza 1937. Mwaka 1940, Italia ilipoingia vitani, Waingereza wakamkamata na kumweka kizuizini kama raia wa adui. Akatoka, na ndani ya muda mfupi kampuni yake ikatoa In Which We Serve (1942), kisha Henry V (1944), muvi zilizowatia Waingereza moyo wa vita. Jamaa alikuwa prodyuza wa kumwaga pesa, haogopi bili. Mtu anafungwa kama adui, anatoka anakuwa msemaji wa taifa lililomfunga! Hiyo peke yake ni muvi.

Kwa mradi wa Tanganyika, prodyuza alikuwa John Sutro na mwongozaji Thorold Dickinson. Dickinson akaja Tanganyika na mwandishi wa riwaya Joyce Cary kutafuta stori na lokesheni. Kuja kupiga picha huku wakati wa vita ilikuwa shughuli, na mwishowe sehemu kubwa ya kazi ikafanyika studio za Denham, jirani na London. Kijiji cha Tanganyika kikajengwa Uingereza. Muvi ikatoka 1946, jina Men of Two Worlds.

Inahusu Kisenga, mpiga piano Mtanganyika aliyekaa London miaka 15 na sasa amekuwa staa. Anarudi nyumbani Marashi, kijiji cha kubuni, kwa sababu mbung'o wanasogea na DC Randall anataka watu wahame. Mganga Magole anakataa na wanakijiji wako upande wake. Inakuwa vita ya Kisenga na Magole, piano na tunguri, mpaka Kisenga anarogwa anakaribia kufa. Marekani walipoipata wakaibandika na jina Witch Doctor. Yaani propaganda ya afya ikauzwa kama muvi ya kutisha. Wauzaji wa muvi hawajaanza leo.

Angalia basi nani alicheza nini. Kisenga, mtoto wa Tanganyika, ni Robert Adams, mzaliwa wa Guyana ya Waingereza, aliyewahi kuwa mwanamieleka. Magole ni Orlando Martins, Mnigeria wa Lagos, naye kapita kwenye mieleka. Na ile piano inayosikika? Mpigaji ni Eileen Joyce, mwanamke mzungu kutoka Australia. Muziki wenyewe aliutunga Mwingereza Arthur Bliss na akauita Baraza, neno letu kabisa. Kwa hiyo Mtanganyika maarufu zaidi kwenye sinema za miaka ile ana mwili wa Guyana, adui wa Lagos na vidole vya Australia. Watu wenyewe wa Tanganyika walionekana kwa mbali kama mandhari, kama miti.

Waafrika wa wakati ule hawakunyamaza. Chama cha wanafunzi wa Afrika Magharibi mjini London, WASU, kililalamika kwa Wizara ya Makoloni kabla muvi haijakamilika, wakisema inawachora Waafrika kama watu wa ushirikina wanaosubiri mzungu awaokoe. Enzi hizo hakuna sehemu ya komenti, unaandika barua na unasubiri.

Na walikuwa na hoja kuliko hata walivyojua. Muvi inasema watu waligoma kuhama kwa sababu ya mganga. Historia ya Unyamwezi inasema kitu kingine. Karne ya 19 hii ilikuwa barabara kuu ya Afrika Mashariki: misafara kutoka Bagamoyo, pembe za ndovu, wapagazi kwa maelfu, na Tabora ndiyo kituo cha katikati kabla ya Ujiji. Misafara inakula, kwa hiyo watu walilima. Palipolimwa, palipochomwa moto kwa msimu na kuchungwa ng'ombe, mbung'o alikaa mbali porini. Wenyeji walikuwa wanamdhibiti mdudu huyo bila DC.

Halafu yakaja mapigo mfululizo. Sotoka ya mwanzoni mwa miaka ya 1890 ikafyeka ng'ombe. Wajerumani wakaja na vita vyao. Vita ya kwanza ya dunia ikachukua vijana kubeba mizigo ya majeshi, na Septemba 1916 Wabelgiji wakaiteka Tabora. Ilipofika 1918 ikaja homa kali ya mafua. Mashamba yakakosa mikono, kichaka kikarudi, na mbung'o akafuata kichaka. Mwanahistoria Helge Kjekshus aliiweka hoja ya namna hii kitabuni mwaka 1977: ukoloni ulivunja namna watu walivyoitawala mazingira yao. Ukiitazama Men of Two Worlds ukijua hayo, DC Randall anafanana na mtu aliyeacha geti wazi halafu anamlaumu mwenye nyumba kwa wizi.

Haikuishia kwa Waingereza. Miaka ya 1970 ikaja Operesheni Vijiji, na watu wa mkoa wa Tabora wakahamishwa tena kwenda kukaa pamoja. Sababu zilikuwa mpya, shule, zahanati na maji, lakini mzee aliyekuwa mtoto wakati wa malale aliujua vizuri mwendo wa kubeba kitanda kichwani.

Na kule walikotolewa? Kulirudi kuwa pori, na kwingine pori hilo likawekewa mipaka. Leo Sikonge ina eneo la hifadhi ya jamii la Ipole, na Ugalla ilipandishwa hadhi kuwa hifadhi ya taifa mwaka 2019. Mtalii anayefika magharibi ya Tanzania anaambiwa hii ni nyika ya asili. Kiswahili kina neno jingine kwa sehemu ambayo watu waliishi wakaondoka: mahame. Warina asali bado wanaingia humo na mizinga yao, na mbung'o bado wanauma.