Bwana Msa Kabla ya Televisheni

Ukitaja siku hizi hadithi ya upelelezi yenye misimu, watu watadhani unazungumzia televisheni tu. Unguja ilipata televisheni yake, tena ya rangi, mwanzoni mwa miaka ya 1970. Bara walingoja mpaka 1994. Lakini mpelelezi anayerudi kesi baada ya kesi, Wazanzibari walikuwa naye zamani, kitabuni. Kesi yake ya kwanza ni Mzimu wa Watu wa Kale, riwaya ya Muhammed Said Abdulla iliyoshinda mashindano ya East African Literature Bureau ya 1957-58 na kuchapishwa 1960.

Wapo wasemao ati Bwana Msa ni Sherlock Holmes aliyevushwa bahari. Kiko anacho, na sahibu wa kufuatana naye, Najum, anaye. Hilo halina ubishi. Lakini tumtazame aliyemuumba. Abdulla alizaliwa Makunduchi mwaka 1918, akafanya kazi ya ukaguzi wa afya miaka kumi, kisha 1948 akawa mhariri wa gazeti la Zanzibari. Mtu aliyezoea kukagua majumba ya watu, halafu akazoea kupima habari kabla ya kuzichapa, hakuhitaji kwenda London kujifunza udadisi.

Na kesi yenyewe ni ya kwetu. Bwana Ali, mtu mwenye mali, anakutwa ameuawa mzimuni. Hapo pana mafumbo mawili: nani kaua, na je, jibu tulitake kwa mizimu au kwa ushahidi? Fumbo la pili ndilo zito, maana msomaji wa Unguja alikuwa nalo hata kabla hajafungua kitabu.

Baada ya Azimio la Arusha la 1967, wahakiki wengi walidai fasihi iihudumie jamii, na riwaya ya upelelezi wakaiona kiburudisho tu. Lawama hiyo ina uzito. Uchaguzi wa kwanza wa Zanzibar ulifanyika Julai 1957, visiwa vikachemka kwa siasa. Humu riwayani moto huo hauonekani. Bwana Msa hutafuta muuaji. Hatuulizii kwa nini mali iko kwa huyu na si kwa yule.

Hata hivyo, kumbe kunyamaza nako kuna faida kwa mwanahistoria. Mapinduzi yalikuja Januari 1964, ardhi ikawa ya serikali, watu wakagaiwa eka tatu tatu. Kisima cha Giningi, kesi ya pili, ilipotoka 1968, jamii ile ya akina Bwana Ali ilikwishavunjika. Shafi Adam Shafi katika Kasri ya Mwinyi Fuad (1978) anairudia ili aihukumu, naye anajua ilivyokwisha. Abdulla aliiandika ingali hai, haijui yatakayoifika.

Kwa hiyo tusiiweke riwaya hii kwenye rafu ya vitabu vya kupotezea wakati. Tuisome pamoja na Kasri, moja baada ya nyingine. Bwana Msa atuonyeshe nani kaua. Swali la mali tumuulize sisi wenyewe, maana yeye hakuliuliza.