Maua ya Malenge Si Chakula cha Wazungu

Niseme mapema kabla hamjanirukia: ua la malenge lililojazwa na kukaangwa si chakula cha Wazungu. Najua video zimejaa. Kila mtu analiita kwa Kiitaliano, ati fiori di zucca, na kuna hoteli moja Nairobi, sitaitaja, inakuwekea maua matatu kwenye sahani pana kama vile yameshuka na ndege asubuhi hiyo. Roma wanayajaza jibini na samaki wadogo wa chumvi, wanayakaanga, na ni matamu, sikatai. Lakini mtu wa Kakamega akiyashangaa kama kitu kigeni, hapo lazima tuongee.

Kukhu wangu wa Shinyalu alikuwa anachuma majani ya malenge asubuhi, anayatoa zile nyuzi moja moja, na maua yanaingia kikapu hicho hicho. Majani yanatangulia chunguni na munyu wa kienyeji, maua yanafuata mwishoni kwa sababu hayataki moto mwingi, halafu maziwa. Hakuna aliyeita hiyo resipe. Iliitwa mboga, mkakula na ugali mkalala.

Sasa hapa ndipo watu hupenda kuruka na kusema, "Basi ni chakula chetu cha asili, tangu enzi na enzi." Pole pole. Malenge nayo ilikuja.

Mbegu za jamii ya malenge zilizochimbuliwa katika pango la Guilá Naquitz, jimbo la Oaxaca huko Meksiko, zina umri wa karibu miaka 10,000. Afrika tulikuwa na kibuyu chetu tangu kale, lakini malenge tunayopika ni ya Amerika. Columbus alivuka Atlantiki mwaka 1492. Vasco da Gama akafika pwani yetu mwaka 1498, akatia nanga Malindi. Baada ya hapo mazao ya Amerika yalianza kusafiri na meli, na kutoka bandarini mbegu zikaendelea na safari kwa miguu na mikono ya watu, soko hadi soko, mama mkwe hadi mkaza mwana.

Hebu angalia shamba lolote la kawaida kutoka Khayega mpaka Lurambi. Mahindi yamesimama, maharagwe yako katikati, malenge inatambaa chini ikifunika udongo usikauke na magugu yasipate jua. Wakulima wa Meksiko wana shamba la aina hiyo hiyo, wanaliita milpa, mimea ni ile ile mitatu, na hadi leo maua ya malenge wanayala ndani ya tortilla. Hata mushenye wetu tunaojivunia, ule wa maharagwe na viazi vitamu, ukiufuata nyuma unakuta maharagwe na viazi hivyo asili yake ni Amerika. Je, mushenye si wetu? Thubutu umwambie Mwisukha hivyo.

Kwa hivyo msimamo wangu ni huu: chakula kinakuwa chako kwa ujuzi. Ujuzi wa ua la malenge ni mwingi kuliko watu wanavyodhani. Mmea mmoja unazaa maua ya kiume na ya kike. La kike lina kimalenge kidogo chini yake, na ukilichuma umekula malenge ya kesho. La kiume linakaa juu ya kikonyo kirefu chembamba. Unachuma ya kiume, unabakisha machache ili nyuki wabebe chavua. Tena unachuma alfajiri, kwa sababu ua linafunguka kukipambazuka na kufikia adhuhuri limeshajikunja. Waliojua haya yote wengi wao hawakuwahi kufungua kitabu cha kilimo.

Na vitabu vyenyewe havikutusaidia. Sukuma wiki na kabeji, mboga za Wazungu kabisa, zilipewa heshima ya kuwa mboga za shamba. Managu, saget na terere zikaandikwa kwenye orodha ya magugu. Watoto wa shule wakajifunza kuona aibu na chungu cha kwao. Profesa Mary Abukutsa-Onyango wa chuo kikuu cha JKUAT, ambaye ni binti wa huku Magharibi, ametumia miaka mingi ya utafiti kuonyesha kwamba hayo yaliyoitwa magugu yana lishe ya nguvu. Halafu kuna jambo ambalo wengi wenu hamjui: mwaka 2021 UNESCO iliweka kwenye rejista yake mradi wa Kenya wa kulinda vyakula vya kienyeji, na jamii mojawapo ambako kazi hiyo ilianzia ni Waisukha. Majirani zetu hapa! Walioenda kuulizwa ni wazee, na waliotumwa kukusanya maarifa hayo ni pamoja na watoto wa shule.

Sasa rudi Amalemba. Kila ploti inayopata ukuta na simiti inapoteza kona ambayo malenge ingetambaa. Sokoni mama anauza majani kwa mafungu, ukimuuliza maua anacheka, anakuambia ameyaacha shambani, nani atanunua? Wakati huo huo mtoto wake anayatazama kwenye simu yakiwa na jina la Kiitaliano. Jibini na samaki hainisumbui. Kinachoniuma ni kwamba ujuzi uko kwa mama, hamu iko kwa mtoto, na hawaongei.

Mimi napika hivi. Maua ya kiume kama kumi, unayafungua taratibu uone hakuna nyuki aliyelala humo, unatoa kile kijiti cha chavua katikati, kinaleta uchungu. Unachukua mushenye uliopoa, unaukolezea kitunguu na dania, unaweka kijiko kidogo ndani ya kila ua, unasokota ncha. Unga wa ngano, chumvi na maji baridi, koroga uwe kama uji mzito. Chovya ua, tia kwenye mafuta moto, geuza, toa likiwa rangi ya dhahabu. Linatakiwa kulia kra! ukiuma, halafu ndani laini. Kula hapo hapo, likipoa limekwisha.

Mkipika, msiite fiori chochote. Muulizeni kukhu, senge au mama kwao yaliitwaje, mliandike jina hilo mahali kabla halijaenda naye. Kwenu mlikuwa mnayaitaje?